Zuio la Muda na Wakazi wa Namuwongo

Mashauri ya ardhi na nyumba katika mahakama za Kampala yana desturi moja ambayo mtu asiyeyafuatilia aweza kuishangaa. Shauri lenyewe, yaani swali la kwamba mali ni ya nani, huja mwisho. Kinachotangulia ni ombi la haraka. Mwombaji hufika na wakili wake na kiapo kilichogongwa muhuri, naye haiombi mahakama imtangaze kuwa ndiye mwenye mali. Anaiomba iseme nani akae ndani ya mali hiyo mpaka siku ambayo jambo hilo litaamuliwa. Amri inayotolewa hapo huitwa amri ya muda, au zuio la muda. Kwa mtu mwenye nyumba tatu mjini, amri hiyo ni hatua moja katika safari ndefu ya sheria. Kwa mkazi wa Namuwongo mwenye chumba kimoja, na chumbani humo mna watoto, jiko la mkaa na cherehani anayoitegemea kwa riziki, amri hiyo ndiyo shauri zima.

Namuwongo iko kusini-mashariki mwa jiji, katika tarafa ya Makindye. Juu yake, kilimani, ni Muyenga penye majumba makubwa na kuta ndefu. Upande wa pili ni eneo la viwanda na mtaa wa Bugolobi. Bondeni unapita mfereji wa Nakivubo, unaoyachukua maji machafu ya jiji na kuyapeleka Ziwa Viktoria, na bondeni humo humo imelazwa reli iendayo bandari ya Port Bell. Mvua kubwa inaponyesha, maji ya mfereji huingia vyumbani bila kubisha hodi. Mwaka 1987, ambao Umoja wa Mataifa uliutangaza kuwa mwaka wa makazi kwa watu wasio na makao, ulikuwa mwanzo wa jitihada ya serikali ya Uganda ya kuuboresha mtaa huu: kupima viwanja, kupitisha barabara, na kuwawezesha wakazi kujenga nyumba za gharama nafuu. Baadhi ya wakazi walifaidika. Lakini kiwanja kilichopimwa kina bei, na bei ina wateja wake. Wenye fedha walinunua, wanyonge wakauza, na wengi wa waliouza hawakwenda mbali. Walishuka bondeni, wakasogea kwenye reli na kwenye kinamasi, na huko walikuta wenzao wanaomiminika kutoka mashambani na kutoka katika sehemu za nchi zilizokuwa na vita.

Hapo ndipo penye mzizi wa mashauri mengi. Katika eneo dogo namna hii, haki za watu juu ya ardhi ile ile zinapandana. Yuko mwenye hati, ambaye jina lake limeandikwa katika daftari la ardhi, pengine kwa urithi wa mfumo wa mailo ulioanzishwa na Mkataba wa Buganda wa mwaka 1900. Yuko mwenye kibanja, ambaye hana hati, ila ana karatasi ya mauziano iliyoandikwa kwa mkono na kushuhudiwa na mwenyekiti wa LC. Yuko mpangaji wa chumba, ambaye mara nyingi hana hata karatasi hiyo. Na liko shirika la umma, kama lile la reli, ambalo lina ukanda wake wa akiba unaozuiliwa kujengwa. Wa kwanza na wa pili waweza kusimama mbele ya hakimu siku moja, kila mmoja na karatasi ya kweli, isiyoghushiwa, na karatasi hizo mbili zikawa zinakihusu kiwanja kimoja.

Sheria haikuwaacha wenye vibanja mikono mitupu. Katiba ya Uganda ya mwaka 1995 inawahakikishia usalama wa kukaa wale walioingia katika ardhi kihalali na wale waliokaa kwa nia njema. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1998 ikamweleza mkaaji wa nia njema kuwa ni yule aliyeitumia ardhi kwa miaka 12 au zaidi kabla ya Katiba hiyo kuanza kutumika, pasipo kupingwa na mwenye hati. Hesabu yake si ngumu: aliyeingia mwaka 1980 akaachwa alime na kujenga, analindwa, na aliyenunua kwake analindwa pia. Aliyejikatia mahali pake mwenyewe mwaka 1990 hana kinga hiyo, hata kama leo ana wajukuu walizaliwa hapo. Marekebisho ya mwaka 2010 yalikaza zaidi: mkaaji anayelindwa haondolewi ila kwa amri ya mahakama, na sababu yake iwe ni kutolipa busuulu, yaani ile kodi ndogo ya ardhi ya kila mwaka, mahakama ikitoa amri hiyo, sharti itaje siku ya kuhama, nayo isiwe chini ya miezi sita tangu amri kutolewa. Anayemtoa mkaaji wa namna hiyo pasipo amri aweza kufungwa hadi miaka saba. Kwa wapangaji wa vyumba, sheria ya mwenye nyumba na mpangaji ya mwaka 2022 nayo inakataza kumtoa mtu pasipo kupitia mahakamani.

Kwa maandishi, basi, ulinzi upo. Lakini sheria zote hizo humlinda mtu aliyemo ndani. Akishatolewa, paa likashushwa, matofali yakachukuliwa na mtu mwingine akajenga ukuta, huyo aliyetolewa hageuki kuwa mwongo, lakini anageuka kuwa mdai, na mdai hungoja. Ndiyo sababu amri ya muda ina uzito kuliko jina lake linavyoonyesha.

Kanuni zinazowaongoza majaji katika jambo hili ni za zamani, na zilipikwa hapa hapa Afrika Mashariki. Mwaka 1973, Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki, ile iliyokuwa ikizihudumia nchi zetu kabla Jumuiya ya kwanza haijavunjika mwaka 1977, iliamua rufani ya Giella na kampuni ya Cassman Brown kutoka Kenya. Ajabu yake ni kwamba shauri lile halikuhusu ardhi hata kidogo. Lilikuwa la biashara, baina ya kampuni na mtu aliyewahi kuitumikia. Hata hivyo maneno yake yamenukuliwa katika maelfu ya mashauri ya viwanja kutoka Mombasa hadi Mbarara. Kwa Uganda, Jaji Benjamin Odoki, ambaye baadaye alikuwa Jaji Mkuu, aliyaweka wazi katika uamuzi wa Mahakama Kuu wa mwaka 1985. Lengo la zuio la muda, alieleza, ni kuihifadhi hali ya mambo mpaka shauri lisikilizwe. Mwombaji aonyeshe kwamba ana madai yenye mwelekeo wa kushinda. Aonyeshe kwamba asipolindwa atapata hasara ambayo fidia ya fedha haitaiponya. Na jaji akibaki na shaka, apime ni upande upi utakaoumia zaidi amri ikitolewa au ikinyimwa.

Zinasikika kuwa kanuni za haki, na ni za haki kweli. Ugumu wake huanza katika neno hasara. Mwenye hati akikosa kodi ya mwaka mmoja, hasara yake huhesabika na kulipika. Mama muuza chapati akitolewa Namuwongo, mahakama ikimpa shilingi baada ya miaka mitano, shilingi hizo hazitamrudishia wateja aliokuwa akiwajua kwa majina, wala hazitamrudisha mtoto katika shule aliyoiacha katikati ya muhula. Maji yakimwagika hayazoleki. Tena, kuna mawakili wanaosimama na kusema kwamba kibanda cha mabati na udongo thamani yake ni ndogo, kwa hiyo fidia yake ni rahisi, kwa hiyo zuio halihitajiki. Hoja hiyo inapima mabati. Haipimi mahali. Mwanamume anayebeba mizigo katika eneo la viwanda anaishi Namuwongo kwa sababu anaweza kwenda kazini kwa miguu, na ukimhamishia maili kumi nje ya jiji, hata kama umempa nyumba bora zaidi, umemwondolea kazi.

Ugumu wa pili umo katika hayo maneno hali ya mambo. Ni hali ipi inayohifadhiwa, na ya saa ngapi? Wajanja wamelielewa swali hili vizuri kuliko wanyonge. Njia yao ni hii. Ijumaa jioni, mahakama zikiwa zimefungwa, kundi la vijana wenye nyundo na mitarimbo huingia kiwanjani. Jumamosi paa limeshuka. Jumapili ua wa mabati mapya umezunguka kiwanja na mlinzi amekaa langoni. Jumatatu asubuhi, mapema kabisa, aliyewatuma vijana hao yuko mahakamani na kiapo chake, akisema kwamba yeye ndiye anayekalia kiwanja na kwamba kuna watu wanamtishia, na anaomba hali iliyopo ihifadhiwe. Mahakama ikimwamini, inauhifadhi uvamizi. Polisi wakionyeshwa amri yenye muhuri, wanaulinda uvamizi huo huo, tena kwa nia njema kabisa, kwani kazi ya askari ni kutii amri iliyo mbele yake. Jaji mwangalifu huuliza kwanza: kabla ya ugomvi kuanza, kabla ya Ijumaa, nani alikuwa akilala humo? Swali hilo moja limeokoa nyumba nyingi, na pale lisipoulizwa, matokeo yake huonekana barabarani, magodoro yakiwa yameanikwa juani na watu wameketi juu ya masanduku yao.

Kanuni za mashauri ya madai za Uganda zinataka upande wa pili upewe taarifa kabla zuio halijatolewa, isipokuwa pale ambapo kukawia kutaliharibu lengo lenyewe. Ruhusa hiyo ya dharura ina maana yake. Tingatinga likishawashwa, hakuna nafasi ya kutumiana barua. Lakini jambo lililokusudiwa kuwa la nadra huombwa kila siku, na upande mmoja husikilizwa peke yake. Wahenga walisema asiyekuwepo na lake halipo. Mkazi wa Soweto ya Namuwongo hupata habari ya shauri lake siku anapobandikiwa amri mlangoni, nayo imeandikwa kwa Kiingereza cha sheria, na tarehe ya kusikilizwa imekwisha kupita.

Kisha kuna ngazi za juu. Aliyeshindwa hukata rufani na kuomba hukumu isitekelezwe kwanza. Maombi hayo yakingoja kusikilizwa na majaji watatu, huomba tena amri nyingine ndogo mbele ya jaji mmoja, ili kuilinda nafasi ya yale maombi makubwa. Mahakama ya Juu ya Uganda, katika maombi yaliyofunguliwa mwaka 2008, ilieleza kwamba kwa amri hiyo ndogo yatosha kuonyesha mambo mawili: kwamba maombi makubwa yamefunguliwa, na kwamba kuna tishio la kweli kwamba hukumu itatekelezwa kabla hayajasikilizwa. Ni utaratibu wa busara. Lakini msikilizaji aweza kuona jinsi amri inavyozaa amri, ya muda mfupi ikizaa ya muda mrefu, mpaka miaka inakwisha na swali la kwanza, mali ni ya nani, bado liko katika jalada.

Wala si maskini peke yao wanaoonja uchungu huo. Pale Bugolobi, jirani kabisa na Namuwongo, kampuni ya Osotraco ilikuwa na mali katika barabara ya Mbuya, na waliokuwa wakiikalia walikuwa watumishi wa serikali. Shauri lilifunguliwa mwaka 1986. Ilipofika hukumu, mwaka 2002, serikali ilishika sheria ya zamani inayozuia mahakama kutoa zuio au amri ya kurudisha ardhi dhidi yake. Jaji Frederick Egonda-Ntende akasema sheria hiyo ni lazima isomwe kwa kuifuata Katiba, na kwamba serikali inayokalia mali ya mtu pasipo haki yaweza kuamriwa iondoke kama mtu mwingine yeyote. Mahakama ya Rufani ikamuunga mkono. Uamuzi huo ni nguzo kubwa ya haki nchini Uganda. Lakini miaka 16 ilikwisha kupita, na katika miaka hiyo yote aliyefaidi nyumba ni yule aliyekuwa ndani. Ikiwa kampuni yenye hati na mawakili ilingoja hivyo, mwenye kibanja angoje mpaka lini?

Na amri ikishapatikana, je, hutiiwa? Majirani wa Kenya wana kisa kinachofaa kukumbukwa. Kijiji cha Mitumba kilikuwa karibu na uwanja wa ndege wa Wilson, Nairobi, kikiwa na kaya zaidi ya 3,000. Mwezi Novemba 2011, wakazi kupitia chama chao cha Mitu-Bell walipata amri ya mahakama ya kuzuia wasiondolewe. Siku chache baadaye, katika mwezi huo huo, kijiji kilibomolewa, amri ikiwapo. Mahakama Kuu iliwapa ushindi mwaka 2013; Mahakama ya Rufani ikautengua mwaka 2016; Mahakama ya Juu ikasimama upande wa wakazi tarehe 11 Januari 2021, na kulirudisha shauri Mahakama Kuu ili waamuliwe nafuu yao. Mtoto aliyezaliwa juma lile la ubomoaji alikuwa na umri wa miaka tisa. Kosa la kudharau mahakama limo katika sheria za nchi zote hizi, lakini ni vigumu kumkuta kiongozi wa shirika la umma akilala rumande kwa ajili yake.

Namuwongo nayo ina mwaka wake. Mwezi Julai 2014, vibanda na vyumba vilivyokuwa katika ukanda wa reli vilibomolewa, na watu wengi wakabaki wazi. Hapa ni haki kusema jambo la upande wa pili. Reli ni mali ya taifa, na mtoto anayecheza hatua chache kutoka kwenye mataruma hayuko salama. Hakuna mahakama inayoweza kumpa mtu umiliki wa ukanda wa reli, wala wa ardhi oevu ambayo Katiba imeiweka chini ya dhamana ya serikali kwa manufaa ya wote. Lakini mtu asiye na haki ya kubaki milele bado ana haki ya jinsi ya kuondolewa. Hilo ndilo Jaji Musa Ssekaana wa Mahakama Kuu alilolisema tarehe 25 Januari 2019, katika shauri la wananchi dhidi ya Mwanasheria Mkuu wa Serikali: kwamba kukosekana kwa utaratibu wa kutosha wa kuwahamisha watu kunavunja haki ya uhai, ya utu na ya mali, akaiagiza serikali itunge mwongozo na kutoa taarifa ya maendeleo katika muda wa miezi saba. Mwaka 2021 Jaji Mkuu Alfonse Owiny-Dollo alitoa maelekezo kwa mahakama kuhusu uhamishaji wa watu katika ardhi, yanayotaka kazi hiyo ifanywe kwa kuheshimu utu wao.

Haifai pia kudhani kwamba kila mwenye hati ni mnyang'anyi na kila mkaaji ni malaika. Huko huko Namuwongo wamo wajane ambao mali yao yote ni vyumba vinne vya kupangisha, na wamo wapangaji wanaokaa miezi minane bila kulipa, kisha hukimbilia zuio ili wakae minane mingine. Ndiyo sababu dawa haiwezi kuwa kutoa zuio kwa kila anayelia. Dawa ni tarehe. Amri iliyotolewa kwa kusikiliza upande mmoja iwe ya siku chache, na siku ya kuusikiliza upande wa pili iandikwe juu ya karatasi hiyo hiyo, na siku hiyo ikifika shauri lisikilizwe kweli, lisiahirishwe kwa sababu wakili ana shauri jingine Jinja. Hakimu aende kiwanjani. Kutoka mahakama ya Makindye hadi Namuwongo si safari. Jirani mmoja akiulizwa papo hapo ni mlango wa nani huu na umekuwa wake tangu lini, hueleza mengi kuliko viapo kumi.

Kwa upande wao, wakazi hawana budi kujua mahakama hutazama nini, kwa kuwa katika ombi la haraka hakuna muda wa kutafuta. Stakabadhi za kodi au za busuulu zisitupwe, hata zile za miaka ya nyuma. Karatasi ya mauziano itolewe nakala, na nakala moja iwekwe nje ya nyumba, kwa ndugu au katika ofisi ya mwenyekiti, maana nyumba inapobomolewa karatasi huenda na matofali. Mpangaji asiye na mkataba aombe stakabadhi kila mwezi anapolipa. Tishio la kwanza liandikishwe polisi na namba ya taarifa ihifadhiwe, kwa sababu namba hiyo ndiyo itakayomwonyesha jaji hali ilikuwaje kabla ya Ijumaa. Na amri ikipatikana, nakala zake zipelekwe siku hiyo hiyo kwa upande wa pili, kwa mwenyekiti wa LC na kwa mkuu wa kituo cha polisi, na kila anayepokea atie sahihi na saa aliyoipokea.